Mbona Kumfuata Mwenza Ni Njia ya Mjini Tu?

Liko neno la maofisini ambalo limekwisha kuzoeleka hata huku kwetu Mnazi, nalo ni "kumfuata mwenza". Mwalimu akiondoka, watoto huuliza, Amekwenda wapi? Hujibiwa, Amemfuata mwenza. Muuguzi wa zahanati akifunga mizigo yake, jibu ni lile lile. Nasi hatukusudii kuwalaumu watu hao. Aliyeoa ataka kukaa na mkewe, na aliyeolewa ataka kukaa na mumewe. Asiyetaka hivyo ndiye wa kuulizwa habari zake. Lakini tukitazama waendao na wajao, twaona jambo la kustaajabisha: watokao kwetu kwa sababu ya ndoa ni wengi, na wajao kwetu kwa sababu hiyo hiyo ni haba mno. Je, ndoa ya mtumishi wa Serikali ina njia moja tu, nayo ni ile iendayo mjini? Juu ya swali hilo twataka kushindana leo, tena kwa maneno ya wazi.

Kwa msomaji asiyeijua Mnazi, yafaa tuseme kwamba iko nyuma ya milima ya Usambara, upande wa kaskazini, katika nchi tambarare ya joto iliyoelekea mpaka wa Kenya. Kwa serikali sisi ni watu wa Wilaya ya Lushoto, lakini Lushoto mjini mtu hulala amejifunika blanketi, na huku kwetu hutafuta upepo mlangoni. Wasambaa wa milimani huiita nchi kama hii nyika, nao tangu zamani waliihofu kwa homa na kwa jua. Hata leo kijana akipangiwa kazi Mnazi, jamaa zake humpa pole kabla ya kumpa hongera. Hayo twayajua, wala hatuyakasirikii. Twayataja kwa sababu ndiyo chanzo cha shauri lote.

Basi, kwanza twataka kuwajibu wenzetu wengine wa vijijini, ambao husema kwa hasira, "Mtumishi alipokubali mshahara alikubali na kituo. Akae! Ndoa yake si kazi yetu." Maneno hayo ni mepesi kusemwa na mtu ambaye jioni arudi kwa mkewe. Katika Kumbukumbu la Torati, mlango wa 24, aya ya 5, twasoma amri kwamba mwanamume aliyeoa mke mpya asipelekwe vitani wala asitwikwe kazi yo yote, bali akae nyumbani mwaka mzima. Tazameni, hata vita havikuhesabiwa kuwa sababu ya kutosha. Nasi twaona kwamba kijiji kisichoheshimu ndoa ya mwalimu wake hakina haki ya kumtaka mwalimu huyo awafundishe watoto wake kuheshimu ndoa za wazazi wao.

Tena Katiba ya nchi yetu ya mwaka 1977, katika ibara ya 16, yataja kwamba kila mtu astahili kuheshimiwa na kulindwa, yeye na familia yake na unyumba wake. Neno lililotumiwa humo ni unyumba hasa. Na mataifa mengi, katika tangazo lao la haki za binadamu la mwaka 1948, yalikubali kwamba jamaa ya mtu ni jambo la msingi katika watu, nayo yapasa kulindwa na dola. Kwa hiyo mtumishi aombaye kukaa na mwenza wake haombi fadhili kama mtu aombaye likizo ya kwenda kutembea. Adai haki yake.

Na kama kuna watu ambao hawahitaji kufundishwa madhara ya kutenganisha waliooana, ni watu wa Mkoa wa Tanga, hasa sisi tuliokulia kando ya mashamba ya mkonge. Mkonge uliletwa nchini mwaka 1893 na Mjerumani Richard Hindorf, na baada ya miaka si mingi ukahitaji mikono kuliko watu waliokuwapo. Mwaka 1944 wenye mashamba wakaunda chama chao cha kuandika vibarua, kilichoitwa SILABU, wakawaleta watu kutoka mbali, Kigoma na Songea na kwingineko, kwa mkataba. Watu hao twawaita manamba. Wengi wao walikuja bila wake zao. Wazee wetu wajua yaliyofuata: pombe, ugomvi, watoto wasiojulikana baba zao, na huko walikotoka wanawake waliongoja barua mpaka wakachoka. Mwenye shamba alitaka mikono tu, akasahau kwamba mikono huja na mtu mzima. Je, Serikali yetu wenyewe yapenda kuwafanya walimu na waganga kuwa manamba wenye vyeti?

Lakini sasa twageuka upande wa pili, maana hapo ndipo penye neno letu hasa.

Tuweke mfano. Mwalimu wa kike afundisha Mnazi. Mumewe ni bwana shamba katika Mkoa wa Singida. Wameoana, wana mtoto mmoja. Bibi huyu aandika ombi la kuhama, akitoa sababu kwamba amfuata mwenza, akiambatisha cheti cha ndoa. Siku hizi maombi hupitishwa katika mfumo wa kompyuta wa Utumishi, ambao mtumishi huufungua hata kwa simu yake. Ombi lapita kwa mkuu wake wa kazi, lapita kwa mkurugenzi wa halmashauri, latazamwa na halmashauri ya kule aendako, na kwa kuwa mikoa ni miwili lafika Ofisi ya Rais, TAMISEMI. Meza hizo zote zaulizana, Je, cheti ni cha kweli? Je, amekwisha kukaa kituoni muda wa kutosha? Je, kule aendako pana nafasi? Maswali hayo ni mema. Lakini katika meza hizo zote hakuna mtu aliyepewa wajibu wa kumwuliza yule bwana shamba, "Ndugu, mbona wewe usiende Mnazi?" Na Mnazi pana mashamba, pana mkonge, pana ng'ombe, bwana shamba angepata kazi mpaka angechoka.

Hilo ndilo kosa tunalolishitaki. Ombi huletwa na mtu mmoja, nalo latazamwa kana kwamba ni haja ya mtu mmoja, na hali ndoa ni ya wawili na vituo ni viwili. Kwa kuwa hakuna aulizaye, atakayesogea ni yule aliye mahali pagumu, na mahali pagumu ndipo penye upungufu. Hivyo kanuni iliyowekwa kwa rehema imekuwa mfereji wa kutoa maji katika shamba kavu na kuyamwaga ziwani.

Wasomaji na wahesabu pamoja nasi. Serikali yenyewe imeweka kipimo kwamba katika shule za msingi mwalimu mmoja awe na wanafunzi 45. Shule yenye wanafunzi 450 yastahili walimu 10. Tuseme inao 6, jambo ambalo halitamshangaza mtu wa kijijini. Basi kila mmoja ana watoto 75. Akiondoka 1 kumfuata mwenza, waliobaki 5 wana watoto 90 kila mmoja. Na tangu mwaka 2016, ada na michango ilipoondolewa, watoto wamejaa madarasani, jambo tunalomshukuru Mungu kwalo. Lakini ombi la mwalimu mmoja sasa lagusa watoto wengi kuliko zamani. Shule ya mjini akiondoka 1 hupigwa kikumbo kidogo tu. Ya kwetu huanguka.

Wengine watasema, "Mbona kuna njia ya kubadilishana? Mwalimu wa Mnazi amtafute mwenzake wa Singida apendaye kuja Mnazi, wabadilishane, wala hapana atakayepungukiwa." Kwa karatasi ni shauri zuri. Lakini kwa Mnazi ni mlango uliofungwa na ufunguo ukatupwa mtoni. Ni nani aliye Singida mjini, mwenye nyumba na maji na umeme, atakayebadilishana na nyika asiyoijua? Mwalimu huyu atazunguka na simu yake mwaka hata mwaka akiuza kituo ambacho hapana anunuaye. Na katika kuzunguka huko hukutana na matapeli wajidaio kuwa na ndugu wizarani, ambao Serikali imewaonya watumishi mara kwa mara wajihadhari nao. Kazi ya kutafuta wa kuziba pengo ni ya mwajiri. Haifai kutwikwa mama mwenye mtoto mgongoni.

Liko na jambo la fedha. Mtumishi akihamishwa na mwajiri wake hulipwa nauli, hulipwa gharama za mizigo, hupewa na posho ya usumbufu. Akihama kwa ombi lake mwenyewe hujilipia. Na kumfuata mwenza huhesabiwa kuwa ni ombi lake mwenyewe. Vema; lakini fikirini maana yake. Mtu wa Singida akitaka kumfuata mkewe Mnazi, atajilipia lori mpaka nyuma ya milima, aache nyumba, aache shule ya watoto, aje mahali ambapo Serikali yenyewe yalalamika kwamba hapana watumishi. Aifanyia Serikali kazi yake, kisha alipishwa yeye! Nani mwenye akili atakayefanya hivyo? Hata mfanya biashara wa duka dogo hapa sokoni ajua kwamba bidhaa isiyopendwa hupunguzwa bei.

Sasa twaja kwa ndugu zetu wasemao, "Ni desturi; mke ndiye amfuataye mume." Neno hili tumelisikia hata kwa watu wanaosoma Biblia kila siku, nasi twawauliza kama wameusoma mlango wa pili wa Mwanzo, aya ya 24. Aachaye baba na mama katika aya hiyo ni nani? Ni mwanamume. Na katika Matendo ya Mitume, mlango wa 18, twawaona Akila na Prisila, mume na mke, mafundi wa kushona mahema. Walifukuzwa Rumi kwa amri ya Klaudio wakaenda Korintho, wakatoka Korintho wakaenda Efeso, na kila mahali walikwenda pamoja na kufanya kazi pamoja. Hatusomi kwamba mmoja alikuwa mzigo wa mwenzake. Nayo Sheria ya Ndoa ya nchi yetu, ya mwaka 1971, haisemi kwamba kazi ya mke ni ndogo kuliko kazi ya mume.

Hata huko Ulaya watu walichelewa kuyaelewa haya. Uingereza, mpaka mwaka 1946, mwanamke mtumishi wa serikali alipoolewa alilazimika kuacha kazi, na katika kazi za ubalozi amri hiyo ilidumu mpaka mwaka 1973. Wao walimaliza shauri kwa kumwondoa mke kazini. Sisi hatumwondoi, lakini tumezoea kudhani kwamba popote alipo mume ndipo penye ndoa. Kwa dhana hiyo, kijiji kilichopewa walimu wa kike wengi ndicho kitakachopoteza wengi, nao wakuu wa shule wataanza kuwakataa wanawake kimoyomoyo. Tumekwisha kusikia maneno ya namna hiyo yakisemwa kwa mzaha, na mzaha wa leo huweza kuwa desturi ya kesho.

Na wale wasemao kwamba wengi hughushi vyeti? Mwizi hushikwa kwa kumtafuta, hashikwi kwa kuwafungia wenye nyumba. Sheria ile ya mwaka 1971 yataka watu wanaokusudia kuoana watoe taarifa siku 21 kabla ya ndoa. Kanisani tangazo husomwa mbele ya watu. Msikitini wapo mashahidi. Atakaye kuhakikisha na aende kwenye daftari au kwa wazee. Lakini na ajihadhari asije akawadhulumu wale waliooana kwa mila, maana ndoa hiyo nayo sheria yaitambua, wala upungufu wa karatasi nzuri yenye mhuri haumfanyi mke wa mtu kuwa si mke.

Tutazame kidogo na nchi za wengine. Serikali ya Uhindi ilitoa waraka mwaka 1986, ikaukaza tena mwaka 2009, kwamba mume na mke walio watumishi wapangwe kituo kimoja kila iwezekanapo. Ufaransa, mwalimu aliyetengana na mwenza wake kwa sababu ya kazi huhesabiwa alama kwa miaka waliyotengana na kwa watoto walio nao. Mwenye alama nyingi hutangulia. Twaipenda njia hiyo kwa sababu kungoja kwenyewe kwahesabiwa, kwa hiyo mtu akingoja ajua yu wapi katika safu. Na jirani zetu wa Kenya? Kuanzia mwaka 2018 tume yao ya walimu ilianza kuwahamisha walimu, kwanza wakuu wa shule, mbali na kaunti zao, kwa nia ya kuunganisha taifa. Nia ilikuwa njema, lakini vilio vya nyumba zilizogawanyika vikafika bungeni, na mwaka 2022 wabunge wakaitaka tume iache. Ye yote anayedhani kwamba dawa ya Mnazi ni kuwafunga watumishi kituoni kwa nguvu, na ayatazame hayo ya Kenya. Mwalimu aliyefungwa kwa nguvu yupo darasani kwa mwili tu.

Wazee wa Usambara husimulia habari za Mbegha, mwindaji aliyetoka Ungulu, akaja milimani hali ya kuwa mgeni asiye na jamaa, akakaa Bumbuli, hata akawa mtawala Vuga. Hakufanywa mwenyeji kwa kuamriwa akae. Alipewa wake katika nchi, na wanawe wakakua kwa wajomba zao, wakapewa kutawala huko. Wazee wale hawakuwa na wizara ya utumishi, walakini walijua kwamba mgeni hukaa pale nyumba yake ilipo. Mtumishi aliye Mnazi na mwenza wake yu Singida ni mgeni hata akikaa miaka 10. Macho yake yako barabarani. Lakini mume na mke waliokaa pamoja hapa watalima bustani, watafuga kuku, watagombana na majirani na kupatana nao, watoto wao watasoma na watoto wetu, na shule iliyo na mtoto wa mwalimu ndani yake hufundishwa kwa bidii nyingine.

Kwa hiyo haya ndiyo tunayoyataka. Ombi la kumfuata mwenza likifika mezani, waulizwe wote wawili, kwa maandishi, kama yuko aliye tayari kwenda katika kituo chenye upungufu. Akipatikana, Serikali na imlipie nauli na mizigo na posho kama mtu aliyehamishwa na mwajiri, kwa kuwa kwa kweli amemfanyia mwajiri kazi. Kama wote wawili hawawezi kukutana katika kituo kigumu, kwa ugonjwa au kwa kuwa kazi ya mmoja haipo huko, basi aliye kijijini aruhusiwe kuondoka, lakini mwajiri apewe muda wa kuleta mtu wa kushika mahali pake. Twaona miezi 6 yatosha. Miezi hiyo ikiisha na mtu hakuletwa, mtumishi aende zake kwa amani. Deni si lake. Na wale wanaoajiriwa upya, ambao huambiwa wakae kwanza miaka 3 kabla ya kuomba kuhama, waulizwe tangu siku ya kupangwa kama wana wenza walio kazini, ili wasitenganishwe kwa kalamu leo na kuunganishwa kwa machozi baada ya miaka 3.

Sasa neno kwa wanakijiji wenzetu. Mume aliyealikwa kuja Mnazi atauliza jambo moja kabla ya yote: Tutalala wapi? Chumba kimoja cha kupanga, chenye bati lililo wazi kwa joto la mwezi wa pili, chamtosha kijana mmoja aliyekusudia kuondoka. Hakimtoshi mtu na mkewe na watoto. Nyumba ya mtumishi na iwe na vyumba, jiko, choo chake, na tangi la kuvunia maji ya mvua. Matofali twaweza kuyafyatua, mchanga tunao, mafundi ni wana wetu. Bati, saruji na milango ndivyo vya kuidai halmashauri. Mkutano mkuu wa kijiji hukutana kila miezi mitatu. Katika mkutano ujao diwani na aulizwe mbele ya watu wote: ni nyumba ngapi za watumishi zilizoanzwa katika kata na kuachwa bila paa, ni ipi itakayomalizwa kwanza, na kwa fedha ya mwaka upi. Majibu yake yaandikwe katika daftari la kijiji, na kwenye mkutano utakaofuata yasomwe tena kabla ya shauri jingine lo lote.